Tulkun ni Nani au ni Nini? Viumbe wa Bahari za Kubuni na Upatanisho wa Kisarufi katika Kiswahili

1.0 Utangulizi

Katika Kiswahili, mbu na mwanadamu huchukua kiambishi kimoja cha kiima. Husemwa ‘mbu ameuma’ kama isemwavyo ‘mtu amelala’, wala hakuna mzungumzaji anayeona kwamba kwa kusema hivyo amempandisha mbu cheo au amemshusha mtu. Jambo hili hufundishwa katika madarasa ya mwanzo ya sarufi, na kwa sababu limezoeleka ni rahisi kulipita bila kulihoji. Mhadhara huu unakusudia kulihoji kwa njia isiyo ya kawaida: unachunguza namna sarufi ya Kiswahili inavyompokea kiumbe ambaye hajawahi kuwapo duniani.

Kiumbe aliyeteuliwa ni tulkun, mnyama mkubwa wa bahari za Pandora katika filamu ya James Cameron, Avatar: The Way of Water, iliyotolewa Desemba 2022. Uteuzi huu si wa kiholela. Tulkun anasawiriwa kuwa na umbo la mnyama lakini akili, maadili na udugu wa mtu. Mfasiri anayetaka kumleta katika Kiswahili hukabiliwa na swali ambalo sarufi haimruhusu kulikwepa: je, huyu ni nani, au hiki ni nini? Itadhihirika kwamba swali hilo linahusu pia mnyama halisi wa mwambao wa Afrika Mashariki ambaye jina lake limo tayari katika kamusi za Kiswahili.

2.0 Tulkun na lugha iliyompa jina

Pandora ni mwezi wa kubuni unaozunguka sayari kubwa ya gesi iitwayo Polyphemus, katika mfumo wa nyota za Alpha Centauri. Wakazi wake ni Wanavi. Lugha yao, Kinavi, ilibuniwa na Paul Frommer, mwanaisimu wa Chuo Kikuu cha Southern California, kwa ajili ya filamu ya kwanza ya Avatar ya mwaka 2009. Si mkusanyiko wa sauti za kigeni zilizopangwa ovyo. Ina fonolojia, mofolojia na sintaksia zinazoweza kuelezwa kwa kanuni.

Baadhi ya kanuni hizo hazitamshangaza msemaji wa Kiswahili. Kinavi huruhusu sauti ya ‘ng'’ mwanzoni mwa neno, kama katika ‘ng'ombe’. Aidha, wingi wa nomino huonekana mwanzoni mwa neno, na konsonanti ya kwanza huweza kubadilika: ‘tute’ (mtu) huwa ‘sute’ (watu). Kwa kanuni hiyohiyo ‘tulkun’ huwa ‘sulkun’ au, pamoja na kiambishi cha wingi, ‘aysulkun’. Aliyekwisha kutafakari jinsi ‘ulimi’ unavyokuwa ‘ndimi’, au ‘-refu’ inavyokuwa ‘ndefu’, haoni ajabu kwamba mbele ya neno ndipo penye mabadiliko. Penye tofauti ni katika kitenzi. Kiswahili hupanga viambishi vya njeo kabla ya mzizi, ilhali Kinavi huvipenyeza ndani ya mzizi wenyewe: ‘taron’ (winda) huwa ‘tolaron’ kitendo kinapokuwa kimekamilika.

Katika filamu, tulkun ni mkubwa kuliko nyangumi wa duniani. Hutunga nyimbo, hujichora mwilini, na hukumbuka historia ya jamii yake. Baada ya vita vya kale walivyouana wao kwa wao, waliapa kutoua tena kwa hali yoyote. Mmoja wao, Payakan, alifukuzwa na wenzake kwa sababu aliivunja ahadi hiyo alipowakabili wawindaji. Wanavi wa jamii ya Metkayina, wanaoishi kwenye miamba ya matumbawe, huwasiliana nao kwa lugha ya ishara iliyobuniwa na CJ Jones, mwigizaji kiziwi wa Marekani. Kila mmoja wa Wametkayina ana ndugu wa kiroho miongoni mwa tulkun. Wanadamu waliovamia Pandora, kwa upande wao, humwinda tulkun ili kupata kimiminika kidogo kilichomo ubongoni mwake, kizuiacho uzee. Humpa kimiminika hicho jina la amrita, neno la Kisanskriti lenye maana ya kutokufa.

3.0 Kumpa jina umbo la Kiswahili

Hatua ya kwanza ya kumpokea mgeni ni kulitamka jina lake. Kiswahili hupendelea silabi wazi, na maneno ya mkopo yaishiayo kwa ‘n’ kwa kawaida hupewa irabu ‘i’ mwishoni: sultani, shetani, Ramadhani. Mfuatano wa ‘lk’ nao si mgeni, kwani umo katika ‘malkia’. Kwa hiyo umbo linalotarajiwa ni ‘tulkuni’, na ndilo litakalotumika kuanzia hapa.

Mfano halisi wa mchakato huu upo. Mwaka 1938 alivuliwa Afrika Kusini samaki ambaye wanasayansi walimjua kwa visukuku tu, wakidhani alitoweka pamoja na dinosauri miaka milioni 66 hivi iliyopita. Kuanzia mwaka 2003 samaki huyo akaanza kunaswa katika nyavu za wavuvi wa Tanzania, na mwaka 2009 ikaanzishwa Hifadhi ya Bahari ya Silikanti mkoani Tanga. Jina la Kiingereza lilivishwa irabu, likawa ‘silikanti’, na papo hapo likapewa upatanisho wa viumbe hai: silikanti amenaswa, silikanti wamenaswa. Hakuna kikao kilichohitajika kuamua hivyo. Sarufi iliamua yenyewe.

Hata hivyo, wingi wa ‘tulkuni’ una njia mbili. Njia ya kwanza ni ile ya samaki, nyangumi, pomboo na pweza, ambamo nomino haibadiliki na idadi hujulikana kwa upatanisho tu: tulkuni amefika, tulkuni wamefika. Ya pili ni ile ya masultani, mashetani na majini, yenye kiambishi ‘ma-’. Njia ya kwanza humweka tulkuni katika orodha ya viumbe wa majini. Ya pili humweka karibu na wenye hadhi na uwezo. Zote mbili ni sahihi kisarufi. Mfasiri anapochagua mojawapo, amekwisha kusema jambo kuhusu kiumbe mwenyewe kabla hajaandika sentensi kamili.

4.0 Upatanisho huonyesha uhai, hauonyeshi kuwapo

Sarufi ya Kiswahili haina kiambishi cha kutenganisha kilichopo na kisichokuwapo. Mifano ifuatayo inabainisha jambo hilo:

(1) Papa amemmeza dagaa.
(2) Jini amempanda mgonjwa.
(3) Chunusi amemvuta mwogaji.
(4) Zimwi limemmeza mtoto.
(5) Mizimu imekasirika.

Papa wa mfano (1) huvuliwa na kuuzwa sokoni. Chunusi wa mfano (3), yule pepo wa majini anayesadikiwa kuwavuta watu chini, hajawahi kupimwa kwa mizani. Hata hivyo wote wawili wana ‘a-’. Kwa upande mwingine, zimwi na mizimu, ambao simulizi huwapa nguvu, hasira na matakwa, huonekana katika mifano (4) na (5) wakifuata maumbo ya nomino zao. Hivyo si kweli kwamba viumbe wa kubuni wametengewa ngeli yao. Wametawanyika, na kilichowatawanya ni namna wasemaji wanavyowachukulia.

Ushahidi bora zaidi hupatikana pale ambapo neno moja hubadili upatanisho. Husemwa ‘roho imetulia’ kwa maana ya nafsi au moyo wa mtu. Lakini katika lugha ya Wakristo husemwa ‘Roho Mtakatifu alishuka’. Umbo la nomino ni lilelile. Kilichobadilika ni kwamba katika matumizi ya pili roho ni mtendaji mwenye nafsi yake.

Simulizi za baharini hutoa mfano wa aina hiyo ulio wazi kuliko wote. Wasomaji wa Kiswahili wanaijua hadithi ya Sindbad, ambamo mabaharia hushuka kwenye kisiwa, wakawasha moto wa kupikia, kisha wakagundua kwamba walichokikanyaga ni samaki mkubwa aliyelala. Msimulizi wa Kiswahili husema kwanza kwamba kisiwa ‘kilitikisika’. Muda mfupi baadaye husema ‘akazama’. Kati ya ‘ki-’ na ‘a-’ ndipo ugunduzi unapotokea. Lugha ambayo vitenzi vyake havipatani na kiima kwa uhai hulazimika kuieleza hofu hiyo kwa maneno mengi. Kiswahili huieleza kwa silabi moja.

Uwezo huu, hata hivyo, una gharama. Katika riwaya ya Solaris ya mwandishi wa Poland Stanisław Lem, iliyochapishwa mwaka 1961, sayari nzima imefunikwa na bahari ambayo huenda ni kiumbe mmoja. Wanasayansi wanabishana kwa vizazi kadhaa iwapo inafikiri, na riwaya inakwisha bila jibu. Mfasiri wa Kiswahili akiandika ‘bahari inajibu’, atakuwa ameegemea upande wa wanaokana; akiandika ‘bahari anajibu’, atakuwa amemaliza ubishi katika ukurasa wa kwanza. Busara ni kubaki na ‘i-’ ya kawaida, ili msomaji aachiwe shaka aliyoikusudia mwandishi, na kuihifadhi ‘a-’ kwa ajili ya kinywa cha mhusika atakayekuwa amekwisha kuamini.

Kwa tulkuni hali ni rahisi kiasi, kwa kuwa uhai wake hauna mjadala. Lakini yupo mtego wa ukubwa. Mfasiri anayevutiwa na ukubwa wa kiumbe huyu anaweza kumwita ‘jinyangumi’, kama vile nyoka anavyokuwa joka. Akifanya hivyo, upatanisho huelekea kugeuka: joka limejikunja, jitu limekuja, jinyangumi limezama. Ukuzaji huu hubeba hofu au dharau, na humwondolea kiumbe ile ‘a-’ aliyokuwa nayo. Yafaa mfasiri aliweke neno hilo katika mazungumzo ya wawindaji, kwani ndivyo wanavyomwona.

5.0 Utu umo katika msamiati

Ikiwa ‘a-’ hutolewa kwa mbu na kwa mtu pia, basi si yenye kumpa tulkuni utu. Katika riwaya ya C. S. Lewis, Out of the Silent Planet (1938), mwanafilolojia Ransom anapelekwa Malacandra, yaani Mirihi, na kuishi miongoni mwa viumbe waitwao hrossa, ambao huwawinda majini wanyama wakali waitwao hnakra. Lugha ya huko ina neno ‘hnau’, lenye kuwajumuisha viumbe wote wenye akili, wawe na umbo la binadamu au wasiwe nalo. Kiswahili hakina ngeli ya hnau. Mpaka kati ya mtu na mnyama kimeuchora kwingine: katika uteuzi wa maneno.

Mpaka huo huonekana kwanza katika kifo. Mwili wa mtu aliyekufa ni maiti. Wa mnyama ni mzoga. Mtu hufariki, mnyama hufa. Huonekana pia katika uzazi: mwanamke hujifungua, mnyama huzaa, mwanamke ni mjamzito, mnyama ana mimba. Baadhi ya jozi hizi zimejengwa na tafsida, na zinaweza kukiukwa kwa makusudi. Lakini ni ukiukaji huo ndio unaothibitisha kwamba mpaka upo. Anayeuita mwili wa mtu mzoga anajua anatukana.

Katika filamu, tulkuni mmoja wa kike, Ro'a, mtunzi wa nyimbo, anauawa pamoja na mtoto wake. Wawindaji wanachukua kimiminika wanachokitaka, na mwili uliobaki hauna thamani kwao. Ndugu yake wa kiroho, Ronal, anakuja kumlilia. Katika tafsiri ya Kiswahili tukio hili lingeweza kubebwa na nomino mbili. Nahodha wa meli ya wawindaji angesema ‘mzoga’. Ronal angesema ‘maiti’. Nahodha angesema ‘ndama’; Ronal angesema ‘mtoto’. Mgogoro mzima wa filamu ungekuwa umewekwa mbele ya msikilizaji bila hotuba yoyote.

Mahali pa pili ni katika vivumishi vimilikishi. Nomino za wanyama zenye umbo la N- huchukua ‘wangu’ katika umoja: mbuzi wangu, ng'ombe wangu. Nomino za uhusiano zenye umbo hilohilo huchukua ‘yangu’: ndugu yangu, rafiki yangu, somo yangu, hata adui yangu. Tofauti hii haigawi watu na wanyama kwa ujumla, kwa kuwa husemwa pia ‘mtoto wangu’ na ‘mke wangu’. Lakini ndani ya kundi la N- hubainisha anayemilikiwa na anayehusiana. Mmetkayina akisema ‘tulkuni wangu’, masikio ya Kiswahili yatasikia mfugaji akizungumzia mifugo yake. Akisema ‘tulkuni yangu’, huenda ikasikika kama ‘nguo yangu’. Ufumbuzi uko katika msamiati wa mwambao: ‘somo’, neno linalomtaja mtu mliyeshirikiana jina au msiri wa karibu. ‘Tulkuni huyu ni somo yangu’ ni sentensi ambayo haiwezi kusemwa juu ya ng'ombe, na kila Mswahili ataielewa bila maelezo.

Haya yanaonyesha kwamba Kiswahili hakihitaji kuazima nyenzo ili kisimulie walimwengu wa mbali. Shaaban Robert aliijenga Kusadikika, nchi iliyo angani, mwaka 1951, na jina lenyewe alilichota katika kitenzi ‘sadiki’ na viambishi vyake. Riwaya za baadaye, kama Bina-Adamu! ya K. W. Wamitila (2002), zimeendelea kuupanua uwanja huo. Bunilizi za kisayansi kuhusu bahari bado zina nafasi kubwa, na lugha imekwisha kuzitayarishia zana.

6.0 Nguva: kiumbe aliye njiani kuelekea hekaya

Desemba 2022, mwezi uleule filamu ya tulkun ilipotolewa, Shirika la Kimataifa la Uhifadhi wa Asili, IUCN, lilitangaza kwamba nguva wa Afrika Mashariki wamo katika hatari kubwa kabisa ya kutoweka. Waliokomaa walikadiriwa kuwa chini ya 250, wengi wao wakiwa katika eneo la Bazaruto nchini Msumbiji. Katika maji ya Kenya na Tanzania wamebaki wachache mno, hasa upande wa Lamu na katika eneo la Rufiji, Mafia na Kilwa.

Nguva ni mamalia. Hupumua hewa, hula nyasi za baharini, hufikia urefu wa mita 3 na uzito wa kilo 400 hivi, na huweza kuishi miaka 70. Jike huzaa mtoto mmoja tu kila baada ya miaka mitatu hadi saba, na chuchu zake ziko karibu na mapezi ya mbele. Kwa hiyo kila nguva anayenaswa katika jarife lililotegewa papa ni hasara isiyofidika upesi.

Kiisimu, jina lake limekwisha kuanza safari. Kwa mvuvi wa Mafia, nguva ni mnyama anayejulikana kwa nyama yake, kwa pumzi yake anapoibuka, na kwa mahali anapolisha. Kwa wasemaji wengi wa bara, na katika tafsiri za hadithi za watoto, nguva ni mwanamke mwenye mkia wa samaki. Maana zote mbili zina upatanisho mmoja: ‘nguva ananyonyesha’ ni sentensi sahihi kwa mnyama na kwa yule wa hekaya. Sarufi haitatoa taarifa siku mnyama atakapotoweka. Kiambishi ‘a-’ kitaendelea kutumika, watoto wataendelea kusimuliwa, na neno litaonekana kuwa zima. Litakachokuwa limepoteza ni mtu wa kuuliza.

Tofauti na tulkuni ni dhahiri. Filamu iliyomtambulisha tulkuni ilipata zaidi ya dola bilioni 2.3, na lugha yake ilitungwa na mwanaisimu aliyeandika kila kanuni. Nguva hana mtunzi. Maarifa yanayomhusu yamo katika vinywa vya wazee wa pwani: majina ya rika zake, ya malisho yake, ya namna anavyozama na kuibuka. Yasipoandikwa, hayawezi kubuniwa upya.

7.0 Hitimisho

Mhadhara umeonyesha mambo matatu. Kwanza, upatanisho wa ‘a-/wa-’ katika Kiswahili ni dalili ya uhai na utendaji kama wasemaji wanavyouona, wala si dalili ya kuwapo wala ya utu. Pili, utu hubainishwa na msamiati na vivumishi vimilikishi, na mfasiri wa bunilizi ana wajibu wa kuziteua nyenzo hizo kwa makusudi badala ya kuziacha zijichague. Tatu, kwa kuwa sarufi humtendea kiumbe aliyepo na asiyekuwapo kwa usawa, haiwezi kuachiwa peke yake kazi ya kutunza kumbukumbu.

Kazi hiyo ni ya watu. Kamusi ya Sacleux, iliyoanza kuchapishwa Paris mwaka 1939, ilikusanya majina mengi ya mimea na viumbe wa mwambao kutoka kwa wenyeji. Kamusi ya Kiswahili Sanifu ya TUKI (1981) na Kamusi Kuu ya Kiswahili ya BAKITA (2015) zimeiendeleza lugha kwa jumla, lakini msamiati wa bahari bado una mapengo ambayo yanaweza tu kuzibwa Pemba, Kilwa, Mafia na Lamu. Wanafunzi wa isimu wanaotafuta mada za tasnifu wanayo hapa mada iliyo tayari: kuwahoji wavuvi kuhusu nguva, jina kwa jina na tabia kwa tabia, maadamu wapo bado wazee waliowahi kumwona.